Uzi maalumu: Sangria ya Kanda ya Ziwa, waini ya Dodoma na machungwa ya Ukerewe

Mkazi wa Bwiru

Wadau, habari za jioni.

Joto la mwezi wa tisa na wa kumi hapa Mwanza mnalijua. Vuli haijashika, upepo wa ziwa unasubiri jioni, na mawe ya mji huu yanatunza joto mpaka usiku. Ndicho kipindi cha send-off, vipaimara na Jumapili za ufukweni, na siku hizi kila shughuli utakuta jagi la sangria mezani. Nyingi ninazoonja zinanisikitisha. Waini tamu, juisi ya boksi tamu, soda tamu, barafu nusu jagi, na vipande viwili vya tufaa juu kwa ajili ya picha. Dakika kumi baadaye unakunywa maji mekundu yenye sukari.

Inaniuma kwa sababu sisi tuna kila kitu cha kuitengeneza vizuri. Machungwa yanashuka na meli kutoka Nansio, Ukerewe. Mananasi yanatoka Geita na Sengerema. Pasheni, ndimu, maembe, vyote viko sokoni. Waini tunavuna wenyewe Dodoma. Halafu mtu anazunguka mji mzima kutafuta stroberi na tufaa lililotoka Afrika Kusini, eti kwa sababu video aliyoangalia ilikuwa nayo.

Kwa asiyeijua: sangria ni waini iliyolowekwa matunda, ikaongezewa utamu kidogo na pombe kali kidogo, ikanywewa baridi. Wenye nayo ni Wahispania na Wareno. Wamarekani wengi waliifahamu kwenye maonesho ya dunia ya New York ya 1964, ilipouzwa kwenye banda la Hispania. Umoja wa Ulaya una kanuni ya 2014 inayolilinda jina hilo: kinywaji cha dukani kikiitwa sangria bila maelezo mengine, kiwe kimetengenezwa Hispania au Ureno, na kilevi chake kisipungue asilimia 4.5 wala kufika 12. Lakini majumbani mwao hakuna fomula moja. Kila nyumba inatia tunda lililopo msimu huo, na ndicho ninachotaka na sisi tufanye.

Jagi moja, glasi nane hivi. Waini nyekundu kavu chupa moja ya mililita 750. Machungwa matatu, mawili ya kukamua na moja la kukata duara pamoja na ganda lake. Robo ya nanasi lililoiva, vipande vya ukubwa wa kete ya dadu. Ndimu moja, duara nyembamba. Konyagi vijiko vinne vya chakula, yaani mililita 60, badala ya brandi wanayotumia wenzetu. Shira vijiko vitatu. Kijiti kimoja cha mdalasini. Maji ya gesi yasiyo na sukari nusu lita, hayo yanakaa pembeni kwenye friji mpaka wageni wafike.

Shira ni kikombe cha sukari na kikombe cha maji, chemsha mpaka sukari iishe kuyeyuka, acha ipoe kabisa. Msitie sukari ya chembe moja kwa moja. Kwenye kitu cha baridi haiyeyuki vizuri, inazama, na anayepewa glasi ya mwisho ndiye anayebeba utamu wote.

Machungwa na ndimu sugua kwa maji ya uvuguvugu, kwa sababu ganda litalala ndani ya kinywaji. Tia matunda yote kwenye jagi, mimina shira, konyagi, mdalasini. Chukua mwiko wa mbao, kandamiza taratibu mara chache. Hapa usikimbilie. Ukiinama karibu utaona maji ya nanasi yanaanza kukusanyika chini, rangi ya dhahabu, povu jembamba linapanda pembeni ya kioo, na ile harufu ya konyagi inayochoma pua inaanza kugeuka kuwa harufu ya ganda la chungwa. Ikifika hapo acha mwiko. Usiponde mpaka tunda liwe rojo. Funika nusu saa, kisha mimina waini na maji ya machungwa, weka kwenye friji kwa muda wa saa nne au usiku mzima.

Sasa neno langu kubwa kwenye uzi huu: BARIDI ITOKE KWENYE FRIJI. Barafu kazi yake ni kutunza baridi iliyokwishapatikana. Kupoza lita moja ya kinywaji kutoka nyuzi 28 hadi nyuzi 6 kunayeyusha robo kilo ya barafu. Jagi lako la lita moja na nusu likitengenezwa la moto saa hiyo hiyo na kupozwa kwa barafu, umeliongeza karibu mililita 400 za maji kabla mtu hajanywa. Likitoka kwenye friji limepoa, vipande viwili vitatu kwenye glasi vinatosha mpaka mtu amalize.

Maji ya gesi yanaingia mwisho kabisa, jagi likiwa mezani. Koroga mara moja tu kwa mkono mwepesi.

Karibuni tujadili.

Kinara wa Kirumba

Nimeweka kambi hapa. Uzi wa maana huu.

Swali moja mkuu. Umeme ukikatika asubuhi na shughuli ni saa kumi, hiyo baridi ya friji naipata wapi?

Mkazi wa Bwiru

Kinara, hapo tumia deli au beseni refu. Barafu, maji, na chumvi ya kutosha, mkono mzima kwa kila kilo mbili za barafu. Zamisha humo chupa za waini na chupa za maji ya gesi, zimefungwa vizuri, mpaka shingoni. Chumvi inafanya barafu iyeyuke chini ya nyuzi sifuri, kwa hiyo yale maji yanakuwa baridi kuliko barafu tupu, na kwa kuwa ni maji yanaigusa chupa pande zote. Zungusha chupa kila baada ya muda. Dakika ishirini mpaka nusu saa waini ya joto la chumba inakuwa imepoa vizuri. Barafu hiyo haiingii kwenye kinywaji, kwa hiyo haikupunguzii ladha.

Matunda na shira yawe kwenye kopo lenye mfuniko, nalo lizamishe humo humo.

Mama Mapishi Igoma

Kaka yangu wa Bwiru, nakuunga mkono kwenye baridi, ila ngoja niongeze jambo ambalo watu wa shughuli tunaliona sana na linanitia hofu.

Barafu ya mabonge inayouzwa kwa ajili ya samaki ISIINGIE kwenye glasi ya mtu. Naona vijana wanaagizwa barafu, wanakimbilia kule wanakopakia sangara na sato, wanarudi na bonge, linapondwa kwa nyundo, linatiwa kwenye jagi. Barafu ile ni ya kulalia samaki. Maji yake huyajui, limeburutwa chini, limewekwa juu ya gunia. Na msidanganyane kwamba pombe itaua vijidudu, kilevi cha kwenye sangria ni kidogo mno kwa kazi hiyo. Bonge la samaki libaki nje ya chupa kama alivyoeleza kaka hapo juu, kwenye beseni la chumvi. Barafu ya kunywa gandisha mwenyewe kwa maji yaliyochemshwa, au nunua ile ya pakiti.

La pili, mimi barafu yenyewe siku hizi siitumii sana. Nanasi nakata, natandaza kwenye sinia, kipande kisishikane na kingine, nagandisha usiku. Zabibu nazo hivyo hivyo. Maji ya pasheni namimina kwenye vile vibati vya barafu. Mgeni anapewa glasi na vipande vya nanasi vilivyoganda. Vikiyeyuka vinaongeza nanasi, haviongezi maji.

La tatu sikubaliani na wewe. Kwa wageni wa ufukweni na sato wa kuchoma, waini nyeupe ndiyo inayofaa. Nyeupe kavu, embe lisiloiva sana, pasheni, ndimu, majani ya minti. Nyekundu iende na nyama choma.

Mkazi wa Bwiru

Dada, kwenye barafu ya samaki Mungu akubariki kwa kulisema.

Kwenye nyeupe sikupingi, hata Wahispania wanayo ya nyeupe, na Argentina wana ndugu yake wanayoiita clericó, inatengenezwa zaidi kwa waini nyeupe. Ila kwa embe naomba usubiri msimu wake, maembe yanajaa kuelekea mwisho wa mwaka. Sasa hivi unalipia tunda ambalo halijakomaa.

Mtoto wa Nansio

Ahsante kwa kuitaja Ukerewe. Nitoe somo dogo la machungwa kwa sababu naona watu wakichagua kwa rangi.

Chungwa letu linaweza kuwa limeiva kabisa na ganda lake bado kijani. Linageuka rangi vizuri pale usiku unapokuwa wa baridi, na huku kwetu usiku wa namna hiyo hatuna. Kwa hiyo ukimpita muuzaji kwa sababu machungwa yake ni ya kijani, unaacha machungwa mazuri. Shika mkononi. Liwe zito kuliko unavyolitegemea kwa ukubwa wake, ganda liwe jembamba na laini, lisiwe na vishimo vikubwa. Zito lina maji. Jepesi lenye ganda nene limejaa ule utando mweupe, na utando huo ndio unaoleta uchungu kwenye sangria.

Ndiyo maana ningewashauri kitu kimoja tofauti na mwenye uzi: kama jagi litalala friji usiku mzima, ganda lisiingie na nyama yake nyeupe. Menya ganda kwa kisu kikali, chukua ile ya juu tu yenye mafuta, itie. Nyama ya chungwa itie bila utando. Zile duara nzuri za kupendezesha macho weka saa moja kabla ya kunywa.

Mkazi wa Bwiru

Mtoto wa Nansio, hilo lipokelewe. Saa nne na duara zima, sawa. Usiku mzima, fuateni maelezo yake.

Mwanafunzi wa Malimbe

Shikamooni wakubwa. Sisi wa hosteli chupa ya waini kavu ni bei. Ile tamu ya bei nafuu haiwezi kufanya kazi? Na konyagi tukikosa, kuna watu wanasema gongo inafaa kwa sababu ni kali vile vile.

Zamu ya Usiku

Marahaba mdogo wangu. Mimi ni muuguzi, nitakujibu la gongo kwa msisitizo: HAPANA. Gongo haina anayepima kilichomo. Inaweza kuwa na methanoli, na methanoli inapofusha macho na inaua. Huwezi kuigundua kwa kuonja wala kunusa, na matunda yakishaingia ndiyo kabisa. Kama konyagi hakuna, acha pombe kali. Sangria inasimama bila hiyo.

Halafu nimwombe mwenye uzi aweke hesabu ya kilevi, maana kinywaji hiki kinateremka kwa wepesi wa juisi na watu hawajui wamekunywa nini.

Mkazi wa Bwiru

Dada muuguzi, hesabu hii hapa. Waini ya asilimia 12, mililita 750, ina mililita 90 za kilevi. Konyagi ni asilimia 35, mililita 60 zinatoa 21. Jumla 111. Ukijumlisha maji ya machungwa kama mililita 200, shira 45 na maji ya gesi 500, jagi lina mililita 1,555. Kwa hiyo ni asilimia 7 na kitu. Bia nyingi ziko karibu na 5. Bila konyagi inashuka kwenye asilimia 6.

Na matunda yaliyobaki chini ya jagi yamenyonya pombe. Yasitupwe mahali ambapo watoto watayaokota na kula.

Zamu ya Usiku

Nashukuru sana. Niongeze: mjamzito hapana hata glasi moja. Anayetumia dawa kama metronidazo, hiyo ambayo wengi tunapewa kwa matumbo, asiguse pombe mpaka amalize na siku tatu zipite, ndivyo maelekezo ya dawa yanavyosema. Aliyekuja na gari au pikipiki apewe kinywaji kingine. Wenye shughuli msingoje mgeni aulize, wekeni jagi la pili lisilo na kilevi tangu mwanzo.

Zabibu za Hombolo

Salamu kutoka Dodoma. Nimefurahi kuona waini yetu inatajwa na watu wa ziwa. Nimjibu mwanafunzi na wengine kuhusu kuchagua.

Huku kwetu mizabibu haipati majira ya baridi ya kuilaza usingizi kama Ulaya. Tunaiamsha kwa kuipogoa, ndiyo maana tunavuna mara mbili kwa mwaka. Aina kubwa ya nyekundu ni Makutupora, ipo pia Sira, na kwa nyeupe ni Chenin Blanc. Chenin Blanc ina uchachu mzuri unaobaki hata hali ya hewa ikiwa ya joto, kwa hiyo mama wa Igoma kwa sangria nyeupe atakuwa nyumbani.

Kwa nyekundu, kumbukeni kwamba baridi inaongeza ukakasi na inapunguza utamu mdomoni. Waini iliyokaa kwenye mapipa ya mwaloni, nzito, yenye ukakasi mwingi, ukiipoza inakuwa ngumu kunywa, na ni hasara kuitia matunda. Tafuteni changa, nyepesi, kavu. Soma lebo, iwe imeandikwa kavu. Pesa kubwa haihitajiki, ila isiwe imeharibika. Waini iliyofunguliwa wiki iliyopita ikaachwa kabatini imeshaanza kuelekea kwenye siki, na tunda haliwezi kuificha.

Mdogo wangu wa Malimbe, tamu inaweza kufanya kazi ukibadilisha vingine. Ondoa shira yote. Ongeza ndimu ziwe mbili au tatu. Kama ni zile waini tamu zenye nguvu zaidi, mfano Dompo, ondoa na konyagi, ongeza maji ya gesi. Wahispania wana kinywaji rahisi kuliko sangria kinachoitwa tinto de verano, ni waini nyekundu na soda ya limao nusu kwa nusu juu ya barafu, hakina kulowesha matunda. Kwa bajeti ya hosteli kinawatosha.

Mwanafunzi wa Malimbe

Ahsanteni sana wakubwa. Gongo nimeifuta kichwani. Tutafanya hiyo ya nusu kwa nusu.

Chifu wa Usagara

Mimi naweka Sprite badala ya maji ya gesi na shira na watu wanasifia. Kwa nini tujipe kazi?

Mkazi wa Bwiru

Chifu, haikatazwi. Ila Sprite inakuja na sukari yake tayari na huwezi kuipunguza. Ukitumia maji ya gesi, unaonja jagi kwanza, unaongeza shira kijiko kimoja kimoja mpaka panapokufaa. Chungwa la msimu mzuri ni tamu, la mwanzo wa msimu ni kali, kwa hiyo kipimo cha sukari kinabadilika kila mara. Onja ikiwa ya baridi, siyo ya joto, kwa sababu alizozieleza mdau wa Dodoma.

Chifu wa Usagara

Nimekuelewa. Lakini kwa wageni wa ukweni wetu bado Sprite.

Shamba la Muleba

Nyie watu wa Mwanza mmesahau ndizi. Kwetu Kagera tunda bila ndizi siyo tunda. Kuna aliyejaribu ndizi mbivu kwenye sangria?

Mama Mapishi Igoma

Shamba la Muleba, ndizi yenu ina kazi yake tukufu kwenye lubisi, ile pombe yenu ya ndizi, huko iache. Kwenye sangria inageuka rangi ya kahawia, inavurugika, jagi linakuwa zito na lenye utelezi. Papai nalo ni hivyo, linalainika mpaka linapotea. Tikiti maji linatoa maji mengi lakini ladha haba, mimi nalitumia kwa kugandisha tu, siloweki. Yanayostahimili ni chungwa, nanasi, ndimu, embe gumu, tufaa kama unalo tayari nyumbani, na zabibu zilizokatwa kati. Zabibu nzima hainyonyi kitu, ngozi yake inazuia.

Pasheni ni dawa. Kijiko kimoja cha pasheni na mbegu zake kwenye kila glasi, harufu inajaza meza.

Shamba la Muleba

Sawa mama, nimekubali kwa ndizi. Ila asali ya kwetu ikae badala ya shira, hapo msinikatalie.

Mama Mapishi Igoma

Asali karibu sana. Iyeyushe kwanza na maji ya uvuguvugu, kiasi sawa, la sivyo inashikana chini ikikutana na baridi.

Bi Mkubwa Mkuyuni

Assalaam aleikum. Nimesoma uzi wote nimeupenda, ingawa pombe kwetu haiingii ndani. Wanangu wanaona picha hizo wananiuliza. Nimewatengenezea ya kwetu kwa rosela na nimeridhika nayo, naiweka hapa kwa wasiokunywa.

Rosela kavu kikombe kimoja kilichojaa, suuza vumbi. Maji lita moja na nusu yachemke, tia rosela, vijiti viwili vya mdalasini, karafuu nne, kipande cha tangawizi kilichopondwa. Zima moto, funika, acha robo saa. Kabla hujachuja tia majani ya chai kijiko kidogo, dakika tatu, zisizidi. Chai ndiyo inayoleta ule ukakasi, bila hiyo inabaki sharubati ya kawaida. Chuja, tia shira kwa kuonja, ipoe kwanza mezani ndipo iende kwenye friji. Ikishapoa kabisa tia machungwa, nanasi na ndimu, ilale. Asubuhi ina rangi ya damu ya mzee na uchachu wake mwenyewe. Maji ya gesi mwishoni kama mlivyosema.

Msiichemshe rosela muda mrefu, inakuwa kali mpaka meno yanaganda.

Zamu ya Usiku

Waaleikum salaam mama. Hiyo ndiyo niliyokuwa naitafuta kwa jagi la pili. Chai sikuwahi kuiwaza.

Mkazi wa Bwiru

Bi Mkubwa, shikamoo. Hii yako ina akili nyingi. Kinachofanya waini iwe waini mdomoni, ukiondoa kilevi, ni uchachu, ukakasi na harufu ya tunda, na wewe umevipata vyote vitatu kwenye sufuria. Kuanzia leo ninapoandaa shughuli jagi la rosela litakaa sawa na jagi la waini, siyo kwenye kona.

Bi Mkubwa Mkuyuni

Marahaba mwanangu. Tofautisha majagi kwa alama inayoonekana, rangi zinafanana. Funga utepe mweupe kwenye mpini wa lisilo na pombe, na awepo mtu mmoja wa kumimina, watu wasijihudumie.

Kinara wa Kirumba

Hili la utepe ni muhimu sana, hasa kwenye shughuli zenye watoto.

Sasa wadau nina jambo mkononi. Tuna send-off ya dada yetu Jumamosi ya wiki ijayo, ufukweni upande wa Ilemela. Watu 40. Wanaokunywa nakadiria 24, wengine hawanywi. Kila mmoja glasi mbili. Ninunue nini na nianze lini?

Mama Mapishi Igoma

Hongereni kwa dada. Hesabu ni rahisi, fuata jagi la mwenye uzi.

Watu 24 kwa glasi mbili ni glasi 48. Jagi moja linatoa nane, kwa hiyo ni chupa sita za waini, nunua saba, moja ikae haijafunguliwa. Konyagi mililita 360. Machungwa 18, nunua 24 kwa sababu mengine yatakuwa makavu. Mananasi mawili ya kuloweka na mawili ya kugandisha. Ndimu sita na za ziada za sato. Maji ya gesi lita tatu, chupa ndogo ndogo, maana chupa kubwa ikifunguliwa gesi inaondoka kabla hujaimaliza. Shira ya kikombe kimoja cha sukari inatosha majagi yote sita.

Wasiokunywa 16, glasi mbili mbili ni 32, hiyo ni lita sita na nusu. Lita moja na nusu ya rosela ya Bi Mkubwa ukiiongeza matunda na maji ya gesi inakupa lita mbili, kwa hiyo mara tatu na kidogo ya kipimo chake. Fanya mara nne. Kwenye joto wasiokunywa ndio wanaomaliza majagi haraka.

Alhamisi chemsha shira na gandisha barafu. Ijumaa asubuhi nenda sokoni. Ijumaa jioni gandisha nanasi, chemsha rosela, na loweka maganda na matunda na waini kwenye ndoo za chakula zenye mfuniko, kwa maelekezo ya Mtoto wa Nansio, bila utando mweupe. Usitumie sufuria ya alumini kulowekea, uchachu wa matunda unaila sufuria na ladha ya chuma inabaki.

Mtoto wa Nansio

Machungwa nina ndugu anayeshusha mzigo. Nitumie ujumbe faragha, nitamwambia akuchagulie mazito.

Kinara wa Kirumba

Nimekutumia tayari mkuu. Mama Igoma, vipi kuhusu usafiri? Kutoka nyumbani mpaka ufukweni ni kama saa nzima na njia ya mwisho ni mashimo.

Mama Mapishi Igoma

Usibebe majagi. Beba ndoo zilizofungwa ndani ya madeli, barafu ya beseni izizunguke kwa nje. Ukifika ndipo unachota kwenye majagi, moja la waini na moja la rosela kwa wakati mmoja, mengine yakae kwenye deli limefunikwa. Kila jagi likipungua chini ya robo, leta jingine, usiongeze juu yake. Na maji ya gesi fungua pale pale mezani.

Kinara wa Kirumba

Nimeandika yote. Utepe mweupe naununua kesho.